Nyumba Iliyovutwa na Maksai

Kitu cha kwanza Keziah Prindle alichokiona katika pipa la misumari ni kwamba yote ilifanana kama watoto wa tumbo moja. Kule Vermont walikotoka, mhunzi aliufua kila msumari peke yake. Hii ilitoka kwenye mashine, nayo ilikuwa mingi kama mtama.

Pamoja na misumari, baba yake Asahel, seremala aliyelemaa mguu kwa kuanguka kutoka juu ya paa, alinunua mbao nyembamba, unene wa vidole vitatu. Katika mbuga ile ya Illinois, nyumba zilisimama kwa nguzo nzito za mwaloni zilizounganishwa kwa vigingi, na siku ya kuzisimamisha walihitajika wanaume ishirini. Shemasi Stoddard, fundi mkuu wa kijiji, aliziona mbao zile akawakataza mafundi wake kwenda kusaidia.

"Hiyo si nyumba, ni puto! Upepo ukipiga chafya, mtaiokota Indiana!"

Basi Asahel alikaa kigogoni akapima na kukata. Keziah, msichana mwembamba mwenye haya nyingi, alipanda ngazi kila alfajiri, kabla watu hawajaanza kupita, akapigilia. Kufikia Oktoba nyumba ilikuwa na paa.

Ndipo Stoddard alipokuja na maksai wanne, kijiji kizima kikimfuata.

"Ndugu Asahel, theluji itawaangushia kitu hiki usingizini. Niache nikifunge kamba nikivute. Kikisimama, nitakuomba radhi. Kikianguka, rudini kwenu kabla ya barafu."

Asahel alitazama gari lao bovu la kukokotwa walimokuwa wakilala, na mdogo wake Keziah, mtoto mchanga, akikohoa ndani yake.

"Funga," alisema.

Keziah hakuweza kusema mbele ya watu. Aliingia katika nyumba ile mpya, akafunga mlango, akaketi dirishani.

"Mtoe binti yako!" Stoddard alimaka.

"Simwezi. Huyo ukimwona kimya, ameshaamua."

"Basi navuta polepole. Ikilia tu, binti, ruka!"

Maksai waliinamisha shingo. Kamba ikakaza kama uzi wa zeze. Nyumba ikatetemeka, kisha ikaondoka. Haikuanguka, iliondoka! Iliteleza juu ya mawe ya msingi, ikasogea hatua sita nyasini, nzima kama yai, na Keziah akapita dirishani kama bibi harusi anayepelekwa kwake.

Watu waliduwaa. Mama mmoja akapasua kicheko: "Shemasi, zile zako za mwaloni nazo hutembea?"

"Sasa geuza maksai," alisema Asahel, "uirudishe ulipoitoa."

Stoddard alicheka hadi machozi yakamtoka. Aliirudisha, akaomba radhi mbele ya wote, kisha akapanda kileleni na kupigilia tawi bichi, heshima ambayo maseremala huipa nyumba iliyosimama vyema. Aliposhuka alipapasa ukuta.

"Miaka thelathini nimo katika kazi hii, Asahel. Mkono uliopiga misumari hii haukosei."

Asahel alifungua kinywa. Keziah akatikisa kichwa, macho chini, naye baba akanyamaza.

Neno alilolimeza Keziah siku ile, asilitamke maisha yake yote, na lisemwe hapa: "Mkono huo ni wangu, Shemasi."

Usione wembamba wa reli, garimoshi hupita juu yake.