Siku Nyongeza Ilipopotea Sokoni

Paukwa!

*Pakawa!*

Pakawa nini?

*Pakawa chungu, pakawa moto, pakawa mwenye njaa kakodoa macho!*

Basi mwenye njaa na akae chini. Na wewe Sikudhani, acha kumfinya mwenzako, maana hadithi yangu ikikatika katikati mimi sijui kuiunga.

Hapo zamani, zamani za kale hasa, wanyama walikuwa na soko lao mahali palipoitwa Mchekeni. Sokoni hapo kila asubuhi kiliuzwa kitu kimoja ambacho bila hicho hakuna aliyeweza kuanza siku yake. Uji.

Wauza uji walikuwa watatu. Wa kwanza ni Bwana Fisi. Wa pili ni Tumbili. Wa tatu ni Bi Bata. Msiniulize kwa nini Fisi hakumla Bata. Siku hizo Fisi alikuwa anashiba uji.

Bei ilikuwa muhogo mmoja kwa kata moja, na kata ilikuwa kifuu kizima cha nazi. Ukishajaziwa bakuli, ulikuwa huondoki. Ulilisogeza tena mbele na kuuliza, "Na nyongeza?"

Muuzaji anaguna, lakini anaongeza. Kwa nini anaongeza? Kwa sababu asipoongeza, mteja atageuza shingo kuangalia chungu cha jirani. Nimeuza uji miaka saba mimi. Ile shingo ya mteja ikishaanza kugeuka, moyo wa muuzaji unashuka mpaka kwenye visigino.

Basi Fisi akawa anatia maziwa ili shingo zisigeuke. Tumbili akawa anatia ukwaju. Bi Bata hakuwa na maziwa wala ukwaju, kwa hiyo aliimba. Sauti yake ilikuwa mbaya sana, na ili watu wamsamehe akawa anatoa nyongeza mara mbili.

Katika wateja alikuwepo Bi Kanga, mama wa vifaranga tisa. Yeye hakuwa na chungu cha kupikia. Zamani alikuwa nacho, lakini siku moja alikiona kiko peke yake pale uani, mviringo mzuri, akadhani ni yai lake. Akakilalia. Kikapasuka.

Kwa hiyo kila asubuhi Bi Kanga alichimba muhogo mmoja, akaenda Mchekeni, akanunua kata moja na nyongeza, vifaranga tisa wakanywa wakashiba. Wa mwisho wao, Kitinda, alikunywa mpaka tumbo likaburuza chini.

Sasa, siku moja mchana, Bwana Fisi aliwaita wenzake wawili nyumbani kwake.

"Jamani," akasema, "mimi nimechoka. Naamka jogoo hajawika, nakoroga mpaka bega linalia, halafu anakuja Nungunungu ananiambia na nyongeza. Nyongeza ya nini? Ya uzuri wake?"

"Usipompa anakuja kwangu," akasema Tumbili.

"Na mimi nisipompa anakuja kwangu," akasema Bi Bata. Kisha akafikiri. "Hapana. Anakwenda kwenu."

"Haya," akasema Fisi, "na sote watatu tusipompa, atakwenda wapi?"

Wakatazamana. Wakaanza kucheka taratibu.

Wakashikana mikia, kila mmoja mkia wa mwenzake, wakaapa: "Atakayetoa siri hii, mkia wake uote puani."

Kesho yake Bi Kanga akaja na muhogo wake. Akajaziwa kata moja kwa Fisi. Akasogeza bakuli.

"Na nyongeza, baba?"

"Hakuna. Nenda kwa jirani."

Akaenda kwa Tumbili. "Na nyongeza?"

"Hakuna. Nenda kwa jirani."

Akaenda kwa Bi Bata. "Na nyongeza, dada?"

"Hakuna. Nenda kwa jirani."

Akarudi kwa Fisi. Alizunguka soko mara tatu hivyo mpaka uji ukapoa.

Hapo ndipo mimi ningeshtuka. Muuzaji gani anakutuma kwa jirani huku anatabasamu? Lakini Bi Kanga ni kanga. Akaenda nyumbani.

Wiki ya pili, wauzaji watatu walitupa vifuu vya nazi wakaanza kuchotea ganda la konokono. Bei ile ile, muhogo mmoja. Bi Kanga akalalamika kwa Fisi. "Nenda kwa jirani." Kwa Tumbili. "Nenda kwa jirani." Kwa Bi Bata. "Nenda kwa jirani."

Wiki ya tatu wakaanza kuchotea ganda la karanga.

Wewe unayecheka huko nyuma, ushawahi kununua uji wa ganda la karanga? Nungunungu alijaribu kunywa, ukaishia kwenye masharubu. Nguruwe aliuvuta puani kwa bahati mbaya, akalipa muhogo wake akaenda zake bila kumeza kitu.

Maziwa yakakoma. Ukwaju ukakoma. Bi Bata akaacha kuimba, na hilo ndilo jambo pekee ambalo halikumsikitisha mtu.

Bi Kanga alikuwa anachovya ncha ya unyoya kwenye ganda na kumdondoshea kila kifaranga tone moja mdomoni. Vifaranga wakakonda. Kitinda ndiye aliyekonda zaidi. Alikuwa akitembea hatua mbili anasinzia, anaanguka, anaamka, anaomba radhi. Bi Kanga alilia. Alilia kweli, kwa sababu alijua wiki nyingine kama hiyo ingemchukua Kitinda.

Akaenda kumwita Mkaguzi wa Soko.

Mkaguzi alikuwa Kinyonga. Wanyama walimchagua kwa ajili ya macho yake, kwamba jicho moja litazame wauzaji na jicho la pili litazame wanunuzi, bila kugeuza kichwa. Walifikiria macho tu. Miguu hawakuifikiria.

"Mheshimiwa," akasema Bi Kanga, "njoo sokoni uone mambo."

"Nakuja," akasema Kinyonga. Akainua mguu. Akaurudisha. Akauinua tena.

Kutoka mti wake mpaka sokoni ni hatua ishirini za kanga. Siku ya kwanza ikapita, Kinyonga bado anashuka mtini. Siku ya pili ikapita, yuko kwenye shina. Siku ya tatu Bi Kanga uvumilivu ukamwisha.

"Mheshimiwa, nikubebe?"

"Hapana mama. Mkaguzi habebwi na mlalamikaji. Watu watasema nimependelea."

"Basi nikusukume?"

"Kusukumwa pia ni kubebwa, ila kwa nyuma."

Siku ya nne alifika. Akawaita wauzaji mmoja mmoja.

"Bwana Fisi, kwa nini kata imekuwa ndogo?"

"Mtama haupatikani, mheshimiwa."

"Tumbili, kwa nini kata imekuwa ndogo?"

"Imesinyaa kwa kuoshwa, mheshimiwa. Mimi ni msafi sana."

"Bi Bata, je, mlikutana mkapanga jambo hili?"

"Sisi? Hatujawahi kukutana hata mara moja," akasema Bi Bata. "Tena siku hiyo tuliyokutana mimi nilikuwa naumwa."

Fisi akakohoa. Tumbili akatazama juu.

Kinyonga akawa kijani, akawa manjano, akarudi kijani. Ndivyo alivyokuwa akifikiri.

"Ninahisi jambo," akasema, "lakini sheria ya soko haimruhusu mkaguzi kuhukumu kwa kuhisi. Kwa hiyo natangaza hivi. Muuzaji wa kwanza kuja kwangu na kunieleza ukweli wote, nimemsamehe. Wawili watakaobaki watabeba maji na kuni za soko zima, masika mpaka masika. Nitawangoja leo mpaka jua lizame."

Akaondoka. Ilimchukua muda kuondoka, lakini aliondoka.

Wale watatu wakakaa karibu karibu.

"Hakuna atakayesema," akasema Fisi. "Tukikaa kimya wote, hana la kutufanya. Wewe utasema?"

"Mimi? Siwezi," akasema Tumbili.

"Mimi siwezi kabisa," akasema Bi Bata, akigusa pua yake kuona kama mkia umeshaanza kuota.

Wakakaa. Fisi akamtazama Tumbili, akawaza, huyu atasema. Tumbili akamtazama Bata, akawaza, huyu keshaanza kusema. Bata akawatazama wote wawili, akawaza, niko na watu wabaya.

"Naenda kuchota maji," akasema Fisi. Akaondoka bila ndoo.

"Naenda kutafuta kuni," akasema Tumbili. Akaondoka akiupa msitu mgongo.

"Naenda kumwona mama anaumwa," akasema Bi Bata, ingawa alitotolewa na kuku na mama yake hakuwahi kumjua.

Sasa kasheshe likawa moja. Wote watatu wanamtafuta Kinyonga, na Kinyonga haonekani. Ni kinyonga. Akikaa kwenye jani ni jani, akikaa kwenye gogo ni gogo.

Fisi akaona kitu cha kijani kimening'inia uani kwa Nguruwe. Akapiga magoti. "Mheshimiwa, tulikutana kwangu, wazo lilikuwa la Tumbili." Akaeleza yote. Upepo ukavuma, kile kitu kikatikisa kichwa. "Ahsante mheshimiwa," akasema Fisi. Lilikuwa jani la mgomba.

Tumbili akaona kitu cha kahawia kimekaa juu ya kichuguu. Akainama. "Mheshimiwa, tulishikana mikia, wazo lilikuwa la Fisi." Akaeleza yote. Kile kitu hakikujibu. Tumbili akasema moyoni, wakubwa ndivyo walivyo. Kilikuwa kibuyu.

Bi Bata hakuona kijani wala kahawia. Alizunguka mpaka miguu ikamwisha nguvu, akajitupa chini kando ya jalala la majivu nyuma ya soko, akalia kwa sauti.

"Ewe jivu," akasema, "heri nikwambie wewe. Tuliapa kwa mikia. Tuliua nyongeza. Nimekula mihogo ya Bi Kanga kwa ganda la karanga, na yule kifaranga wake wa mwisho aliniomba radhi kwa kuanguka mbele ya chungu changu. Toka siku hiyo silali."

"Nimesikia," likasema jivu.

Bi Bata akazimia.

Kinyonga, rangi ya majivu kuanzia pua mpaka mkia, akaanza safari ya kumzunguka ampepee. Kabla hajafika, Bi Bata aliamka mwenyewe.

Jua lilipokaribia kuzama, soko zima likakusanyika. Fisi akasimama mbele, kifua nje.

"Nimeshasamehewa," akasema. "Mimi ndiye wa kwanza kuwasaliti hawa."

"Wewe?" akasema Tumbili. "Mimi nimekusaliti kabla hujafika hata kwa Nguruwe."

"Mimi nimekusaliti tangu tuko tumekaa. Nilianza moyoni."

"Usaliti wa moyoni hauhesabiwi. Mimi nimekutaja jina mara nne."

"Mimi nimekutaja mara sita, na mama yako."

Soko lote likasikia. Nungunungu akasikia, Nguruwe akasikia, Bi Kanga akasikia na vifaranga wake tisa. Kwa mara ya kwanza tangu waape, wale wawili walikuwa wanashindana tena.

Kinyonga akaamua. Bi Bata alikuwa wa kwanza kumwambia yeye, si jani wala kibuyu, basi Bi Bata amesamehewa. Fisi na Tumbili watabeba maji na kuni. Watatu wote warudishe kifuu cha nazi, na ni marufuku kwao kukaa tena pamoja kuzungumza habari ya kata. Na Fisi atoe chungu kimoja ampe Bi Kanga.

"Akifanyie nini?" akauliza Fisi. "Atakilalia."

"Auzie uji," akasema Kinyonga. "Watatu mlikuwa wachache. Mlienea nyumba moja, mkapatana."

Tumbili alijaribu kukwepa kuni kwa kujificha ndani ya chungu, uso ukajaa masizi. Mpaka leo tumbili uso wake ni mweusi. Fisi alibeba mitungi ya maji mgongoni masika mpaka masika, kiuno kikalegea. Mpaka leo fisi nyuma ameshuka. Na Bi Bata, kwa kile kiapo, akitembea lazima autikise mkia wake, kuhakikisha kuwa bado uko nyuma.

Asubuhi ya kwanza Bi Kanga alipokuwa muuzaji, mteja wake wa kwanza alikuwa Nungunungu. Akamjazia kifuu cha nazi. Nungunungu akasogeza bakuli.

"Na nyongeza, mama?"

Bi Kanga akautazama uji wake. Alikuwa ameamka jogoo hajawika. Bega lilikuwa linalia. Vifaranga tisa walikuwa nyuma yake, na Kitinda alikuwa hajanywa bado. Sitawadanganya, mkono wake ulitaka kurudi. Neno "hakuna" lilikuwa limeshafika kwenye ulimi.

Shingo ya Nungunungu ikaanza kugeuka. Taratibu. Kuelekea kwa Bi Bata, ambaye alikuwa ameanza kuimba.

Bi Kanga akamimina haraka, mpaka ukamwagika. Na Kitinda akaufuata uliomwagika, akanywa mpaka tumbo likaburuza chini.

Basi, wanangu, sikieni mafunzo yangu. Msingoje muuzaji awe na huruma. Hata Bi Kanga aliyelia, siku moja tu ilimtosha kusahau. Ninyi hakikisheni shingo yenu ina pa kugeukia. Na siku mkiona wauzaji wote wamekataa nyongeza kwa pamoja, na kila mmoja anawatuma kwa jirani akitabasamu, jueni wameshikana mikia mahali.

Hadithi yangu imekwisha, chungu nimekifunika, kata nimeiosha na haikusinyaa. Anayetaka nyongeza, aende kwa jirani.