Kofia ya Bwana Shekue

Bwana Shekue, tajiri wa malori, alimlipa fundi Tunda ujira wa kumshonea kanzu za harusi asubuhi ya hukumu, miezi minane baada ya harusi hiyo. Zikabaki gharama za kesi aliyofungua Tunda, na hizo zilikuwa hiari ya hakimu. Zikimwangukia Tunda, cherehani ingeuzwa.

“Mbona ulichelewa?” hakimu akamuuliza Shekue.

“Sikuwa na uwezo, mheshimiwa.”

“Kweli kabisa, mwachie!” Tunda akadakia huku akifuta machozi. Akainyakua kofia mkononi mwa Shekue, akaipeleka kwa baba mkwe wa Shekue aliyemsindikiza tajiri huyo. “Mzee, mchangie mkweo. Hana hata nauli!”

Mzee akatumbukiza shilingi mia.

Shekue akaruka. “Mimi wa kuchangiwa? Nina malori matatu! Ningetaka, ningekulipa siku ileile!”

Hakimu akashika kalamu. “Basi gharama zote ni zako.”

Tunda akamrudishia kofia. “Anzia na hiyo mia, bwana.”