Kwa Nini Dengu Hazikosi Mawe

Bisha. Nakuruhusu. Kunja uso, sema kijana huyu mwongo, kisha nenda kachukue dengu zako zilizoko jikoni, uzimwage kwenye ungo, uniambie kama hukukuta jiwe. Umelikuta? Basi kaa chini usikilize. Mimi shule niliiacha darasa la tano, na mwalimu wangu alifurahi kuliko nilivyofurahi mimi, lakini katika soko zima la dengu hakuna anayelisimulia jambo hili kama ninavyolisimulia mimi. Waulize wenzangu. Wakikataa, ujue ni wivu.

Zamani dengu hazikuwa na mawe. Mtu alizitoa kwenye gunia, akazitia chunguni, akaenda zake kuteka maji, akarudi akala. Hakuna aliyekaa na ungo mapajani akikodoa macho kama anayetafuta sindano. Meno ya watu yaling'oka kwa uzee tu, yenyewe, kwa heshima zake. Na usiniulize magunia yalitoka wapi enzi hizo. Yalikuwepo.

Nchi ilikuwa na watu wa namna tatu. Watu wa Mbuga waliishi bondeni, penye udongo mweusi unaoganda miguuni wakati wa mvua na kupasuka wakati wa jua. Hao ndio waliolima dengu. Walizipanda mvua zikiwa zinaaga, ili ziote kwa unyevu uliobaki ardhini. Watu wa Milima walikaa juu kwenye baridi; huko dengu hazikubali kuota, lakini walizipenda kuliko nyama. Watu wa Ziwa hawakulima wala hawakuwa na hamu nazo sana. Wao walibeba. Kitu chochote kilichopo hapa kikitakiwa kule, Mtu wa Ziwa alishakuwa njiani nacho. Basi Mbuga walivuna, Ziwa walibeba, Milima walikula, na majembe na chumvi vikarudi Mbuga. Hakukuwa na la kuumiza kichwa.

Mwaka mmoja mvua zikachelewa. Hazikukataa, zilichelewa tu, kama mgeni aliyepitia kwa shangazi yake. Lakini mbebaji mmoja wa Ziwa aliyeitwa Mfungo, mtu mwembamba mwenye mdomo mpana, alipopanda mlimani na mzigo wake alisema, "Mwakani sijui kama mtaziona hizi." Hakudanganya. Alisema hajui, na kweli hakujua.

Neno hilo lilimkuta mzee Lushinge wa Milima akiwa ameshabandika chungu. Akakiepua. Akawaza: kama mwakani hazitaonekana, kwa nini nile leo kitu ambacho kesho kitaniletea ng'ombe mtamba? Akarudisha dengu kwenye gunia, akafunga. Jirani yake akamwona, akaepua na yeye. Mpaka jioni mlima mzima ulikuwa umeepua vyungu, na hakuna aliyemwambia mwenzake sababu.

"Nizipeleke wapi sasa?" Mfungo aliuliza watu wa mlimani walipombebesha tena magunia yale yale.

"Kwa wanaokula," Lushinge akamjibu.

Mfungo akateremka nazo hadi Ziwa. Watu wa Ziwa waliposikia kwamba Milima wamezirudisha kwa bei kubwa kuliko waliyonunulia, hawakuuliza kwa nini. Walipandisha na wao kidogo, wakazipeleka Mbuga. Na Watu wa Mbuga, badala ya kushangaa kuona dengu walizozilima wenyewe zinarudi zikiwa ghali, wakasema: ikiwa zimepanda kiasi hiki, zitapanda zaidi. Wakauza mbuzi, wakazinunua. Wiki chache baadaye wakaziuza tena, juu zaidi, na Mfungo akazibeba kupeleka mlimani.

Hapa ndipo hata mimi huchanganyikiwa, na mimi si mtu wa kuchanganywa kirahisi. Gunia linapanda mlima, linashuka mlima, linafika ziwani, linarudi bondeni. Kila linapopita mwenyewe anapata faida. Kila mtu anaongeza majembe nyumbani, na kila mtu anakaza mshipi tumboni. Niliwahi kulifikiria jambo hili siku nzima nikiwa nimekaa juu ya gunia, nikashindwa, nikalala.

Wao pia hawakuelewa. Kila upande uliamini kwamba wanaokula ni wale wengine. Palikuwa na mama mmoja wa Mbuga, Nyanzobe, mkulima wa dengu aliyejulikana bonde zima. Mwanawe wa kiume alikuwa ameondoka kutafuta malisho ya mbali, akamwachia mkewe, Holo, na mtoto mchanga. Siku moja Nyanzobe alimsimamisha Mfungo njiani.

"Mfungo, hebu niambie ukweli. Huko mlimani wanazila hizi dengu?"

"Wanazila, mama? Wananyang'anyana."

Na hilo lilikuwa kweli, walinyang'anyana. Ila anayezila hakumwona hata mmoja. Alipofika mlimani, Lushinge naye akamuuliza Watu wa Mbuga wanakula nini siku hizi.

"Dengu, baba. Wanakula zao wenyewe, ndiyo maana hazitoshi."

"Walafi wale," Lushinge akasema, akaongeza bei.

Sasa, tumbo halijui bei. Ilifika mahali watu wakawa na njaa kweli, na gunia limekaa pale kwenye kona ya nyumba. Kula dengu hadharani kulikuwa kama kuchoma paa la nyumba yako ili uote moto. Majirani wangekuona mwendawazimu. Basi Watu wa Milima wakafanya hivi: mtu anachota bakuli moja kwenye gunia, anapika kimyakimya, na mahali pa bakuli lile anatia vijiwe vyekundu vya mteremkoni, vidogo, bapa, ili gunia lisilegee. Bakuli moja haliharibu gunia. Ni kweli, haliharibu. Ila gunia lililala nyumba nyingi. Likishuka ziwani, huko nako kuna mawe meupe ya ufukweni, laini kama yamepakwa mafuta, na huko nako kuna matumbo. Uzito haukushuka, bei haikushuka. Mfungo alisifiwa kwa uaminifu.

Mwishowe mvua zikaanza kuaga tena, na Watu wa Mbuga wakageuka kutazama ghala zao. Hazikuwa na kitu. Waliuza dengu zote, na mbegu pia, kwa sababu bei ya mbegu ilikuwa nzuri kuliko ya kula. Kila mmoja alitegemea kununua kwa jirani, na jirani alitegemea kununua kwake. Udongo ulikuwa umeanza kuonyesha nyufa nyembamba kama nywele. Zikipanuka zile, unyevu umekwenda, na ukipanda umepanda kaburini.

Nyanzobe alikuwa amebakiwa na ng'ombe mmoja wa maziwa. Mfungo alipopita na gunia, mama alimleta ng'ombe hadi njiani wabadilishane.

"Mama," Holo akamwambia kwa sauti ndogo, mtoto akiwa mgongoni, "huyu akienda tutakunywa nini?"

"Na mbegu zikikosekana, mwakani nani atakuwepo wa kumkamua?"

Holo akamkaza mtoto mgongoni. Mfungo akachukua kamba, na ng'ombe akaondoka akigeuza shingo.

Alasiri ile ile Nyanzobe alizitia mbegu kwenye maji ili zilainike, kama walivyozoea. Dengu ikikaa majini huvimba, kila mtu anajua, hata wewe. Akangoja. Zikavimba chache, huku na huku, na nyingine zikalala chini ya chungu vile vile zilivyoingia. Akachota kiganja, akavitazama. Macho yake hayakuwa kama zamani, na vyote vilikuwa vidogo, vyote bapa, vyote vimelowa. Akatia kimoja mdomoni akauma.

Holo alisikia mlio wa jino akiwa nje.

Mama yule hakulia. Alitema, akamwita Holo, wakaliburuta gunia lile na zilizobaki ndani yake hadi kwenye uwanja wa kupuria dengu, mahali palipokuwa patupu, pagumu, pamepigwa miaka na miaka. Mfungo na wenzake wa Ziwa walikuwa hapo wakifunga mizigo. Lushinge naye alikuwepo. Alikuwa ameteremka mwenyewe na watu wake kutafuta dengu za kununua, kwa sababu bei ilikuwa imepanda. Nyanzobe akalimwaga gunia miguuni pao.

"Nimetoa ng'ombe," akasema. "Nionyesheni mbegu."

Zogo lililotokea hapo sitaweza kulisimulia lote. Milima waliwaita Ziwa wezi. Ziwa wakasema mbebaji habebi mawe kwa kupenda, mgongo ni wake. Mbuga waliwatukana wote wawili. Lushinge akadai huenda dengu zenyewe zimezeeka zikawa mawe, kwa safari nyingi, na wapo waliomwamini kwa muda. Mwisho Nyanzobe akapiga magoti, akaanza kutenga: jiwe huku, dengu kule. Holo akafuata. Mtu ukimwona mzee amepiga magoti na wewe umesimama, unajisikia vibaya. Wakapiga magoti wote. Magunia mengine ya Mfungo nayo yakamwagwa, na nchi nzima ikawa imeinama uwanjani ikichagua.

Walipomaliza, kulikuwa na fungu la mawe mekundu. Kulikuwa na fungu la mawe meupe. Na katikati kulikuwa na dengu, ambazo zingeenea kwenye kibuyu kimoja cha maji.

Walizitazama sana. Ndipo ilipowajia kwamba zile ndizo dengu zote zilizobaki duniani, na kwamba kwa muda wote ule walikuwa wakiuziana wao kwa wao.

"Sasa nani alikuwa anakula?" Lushinge akauliza.

"Si ninyi?"

"Sisi? Tulidhani ni ninyi."

Wote wakamgeukia Mfungo. Mfungo alitazama fungu, akatazama mlima, akatazama bonde, kama mtu aliyesahau alikotoka.

"Na bei je?" akauliza.

"Bei ya nini, Mfungo?"

"Ya... hizi."

Hakucheka mtu. Lushinge alinyoosha mkono akasema basi wagawane, kila upande uchukue sehemu yake uondoke.

"Wewe utazipanda wapi, baba?" Nyanzobe akamuuliza. "Huko kwako kwenye mawe? Na huyu azipande majini? Gawaneni. Mtakula mara moja, na itakuwa mara ya mwisho."

Mkono wa Lushinge ukarudi. Na nyufa za ardhi hazikuwangojea. Mwisho Mfungo, ambaye hakuwa amewahi kushika jembe la kulimia, alikwenda akamfungua ng'ombe, akamrudisha kwa Nyanzobe, akauliza amsaidie nani kupanda. Dengu zikawa za wote. Zikapandwa zote kwenye shamba la Nyanzobe, lililokuwa chini kabisa bondeni na lililokuwa bado na unyevu. Watu wa Milima walipanda, Watu wa Ziwa walipanda, kwa fujo, wengine wakizifukia kama wanaficha wizi. Zikaota. Si zote, lakini zikaota.

Lakini mawe yalibaki uwanjani. Nyanzobe alisema kila mtu achukue yake.

"Hayo mekundu ni yako, baba," Mfungo akasema.

"Yangu? Yameandikwa jina? Chukua wewe meupe yako kwanza."

Hakuna aliyekubali kuinama mbele ya wenzake akabeba, maana kubeba kulikuwa kukiri. Mawe yakakosa mwenyewe. Yakakaa pale pale, yakakanyagwa. Mavuno yalipofika, dengu zikaletwa kwenye uwanja huo huo, zikapigwa kwa fimbo juu ya mawe yale, na mawe yakaruka pamoja nazo, yakapetwa nazo, yakaingia nazo guniani. Wakazipika hapo hapo mbele ya watu wote, kila upande ukiangalia upande mwingine ukitafuna, kuhakikisha. Katika kutafuna kule wengi walisikia kach, wakatoa jiwe mdomoni, wakalitupa pembeni, wakaendelea kula. Hakuna aliyeuliza ni la nani.

Na tangu siku hiyo dengu hazitoki shambani bila jiwe, hata uzinunue kwa nani. Na tangu siku hiyo mnunuzi wa dengu hutia mkono guniani, humwaga kidogo kiganjani, huchagua mbele ya muuzaji, na muuzaji hakasiriki. Ukifanya hivyo kwenye unga utatukanwa. Kwenye dengu, hapana. Na mwanamke anapozichambua nyumbani, akikuta jiwe, hulitupa nyuma ya bega lake bila kusema neno. Umewahi kumsikia akiuliza limetoka wapi? Basi.

Mngeniacha hapo ningefurahi. Lakini kuna kitu nilikiruka, na mnanitazama hivyo mpaka nasikia jasho. Haya. Nilisema mafungu ya mawe yalikuwa mawili. Yalikuwa matatu.

La tatu lilikuwa la changarawe nyeusi, ya bondeni, na ndilo lililokuwa dogo kuliko yote. Bakuli moja. Kila mtu aliliona, wakajua hakuna upande usio na jiwe lake, na ndiyo sababu hasa zogo halikurudi na hakuna aliyeuliza tena nani alianza. Lilitiwa mwanzo kabisa, kabla ya mekundu, kabla ya meupe, siku Mfungo alipokuwa njiani kuja kulichukua gunia lililokwisha kuuzwa. Holo alikuwa amejifungua, maziwa hayatoki, na mtoto alikuwa ameacha kulia, jambo baya kuliko kulia. Nyanzobe alifungua gunia ambalo halikuwa lake tena, akachota bakuli, akampikia mkwewe mchuzi, akajaza changarawe, akafunga. Aliyeanza ni yeye. Nimeliruka kwa sababu ni wa kwetu.

Maziwa yalitoka. Mtoto akanyonya, akakua, akazaa, na huko mbele sana akapatikana mama yangu.