Zima na Nzima

Umewahi kujitolea mpaka ukasahau kwamba hujaajiriwa? Usicheke, jibu. Kama hujawahi, sogea karibu, maana watu watatu ninaowaleta mbele yako walikuwa wamejitolea miaka mitatu katika chuo kimoja cha ufundi kule Mbinga. Walifundisha kompyuta, wakatunga mitihani, wakaisahihisha, wakaitwa Madam na Sir kama walimu wengine. Ila kwenye orodha ya watumishi hawakuwemo hata kwa penseli.

Wa kwanza, Otmar Ndunguru, alikuwa na kipaji cha kukikamua kitu kidogo. Mpe kompyuta iliyochoka, ataifanyisha kazi ya kompyuta tatu, nayo haitalalamika.

Wa pili, Gaudensia Haule, alikuwa na kipaji cha kuvipa vitu majina. Jina alilolitoa yeye, ukilisikia mara moja halikutoki.

Wa tatu, Winfrida Kapinga, alikuwa na kipaji ambacho hakuna anayekiandika kwenye wasifu wake: kujua kitu kitaharibikia wapi. Mwonyeshe daraja jipya, atauliza siku likibomoka watu watapita wapi. Hakualikwa sana kwenye sherehe za uzinduzi.

Chuo kilikuwa na kompyuta za mezani ishirini na nne za wanafunzi na moja ya mwalimu, kuukuu zote. Mtaala ulitaka kila mwanafunzi ajenge mtandao wa mashine tatu. Piga hesabu mwenyewe. Njia ya kutoka hapo inajulikana: ni mashine pepe, yaani kompyuta isiyo na mwili, inayoishi ndani ya kompyuta nyingine na kujiona imekamilika. Programu ya kuziendesha ilikuwepo, leseni yake ikaisha, na barua ya kuomba nyingine ikawa inahama meza hadi meza kwa wakubwa. Walipochoka kuulizia barua, watatu wale wakaandika programu ya kwao. Wakaandika maktaba. Si ya vitabu. Kwa watu wa programu, maktaba ni mkusanyiko wa amri zilizokwisha kuandikwa, ili anayetaka kuunda mashine pepe, kuiwasha au kuifuta aite tu jina la amri, asianze upya kila siku.

Otmar aliandika sehemu ya kuunda na kuwasha. Kompyuta zile, ukiziwashia mashine tatu kwa mpigo, zilikuwa zinaganda. Akaziwekea foleni: ya kwanza ikisimama vizuri ndipo ya pili inaamka. Bila Otmar, zisingewaka.

Gaudensia aliandika majina na kitabu cha maelekezo. Amri zote zikawa za Kiswahili: unda, washa, rudisha, futa. Ya kuzima akaiita zima. Ya kuuliza kama mashine iko salama akaiita nzima, na mwalimu akiandika "nzima zote" kwenye kompyuta yake, anapata majibu ya chumba kizima. Wanafunzi waliipenda hiyo kuliko zote, wakawa wanasalimiana nayo koridoni: nzima? Nzima. Bila Gaudensia, zingewaka, lakini nani angejua kuzitumia?

Winfrida aliandika sehemu ya picha. Kila baada ya dakika kumi, maktaba inaweka picha ya hali ya kila mashine, ili ikiharibika irudishwe ilivyokuwa. Wenzake walimtania kwamba anajaza diski kwa hofu zake. Akawajibu kwamba diski si zao, na akaendelea. Bila Winfrida, kilichopotea kimepotea.

Ikaja siku ya mtihani wa mwisho wa vitendo. Wasimamizi walitoka nje ya chuo, na sheria yao ilikuwa moja: mwalimu asiguse kibodi ya mtahiniwa hata kwa kidole. Watahiniwa ishirini na wanne, mashine pepe sabini na mbili. Saa nne na dakika ishirini, zote sabini na mbili zikazima.

Kompyuta zenyewe hazikuzima. Taa ziliwaka, feni ilizunguka. Mashine za ndani tu ndizo zilizokatika, kama mtu amechomoa waya. Mwanafunzi mmoja akaanza kulia bila sauti. Msimamizi akafungua daftari lake ili aandike kwamba mtihani umevunjika, na mtihani ukivunjika, unarudiwa mwaka unaofuata.

Winfrida ndiye aliyesema wa kwanza. "Msiwashe. Rudisheni." Kwani ukiwasha, mashine inaanza upya na kuifunika picha ya mwisho; ukirudisha, inaamka pale ilipokuwa. Picha za mwisho zilikuwa na umri wa dakika nne. Kazi yote ya asubuhi ilikuwemo.

Gaudensia akasimama mbele na kusoma ukurasa wa kumi na moja wa maelekezo, polepole, kama anayesoma tangazo la mazishi. Ukurasa huo uliruhusiwa, kila mtahiniwa alikuwa nao mezani. Hakugusa kibodi ya mtu. Watahiniwa ishirini na wanne walitafuta herufi za neno wanalolijua tangu utotoni, wakaandika: rudisha.

Otmar naye alijua kwamba foleni yake ilikuwa ya kuwasha, si ya kurudisha, na sabini na mbili zikiamka pamoja, zitakabana koo. Akaketi kwenye kompyuta ya mwalimu, akairefusha foleni yake, akaziinua moja moja, huku akitaja namba za meza kwa sauti ya chini. Saa nne na dakika thelathini na moja, ya mwisho ilisimama. Msimamizi akafunga daftari, mtihani ukaendelea, na waliofeli walifeli kwa sababu zao wenyewe.

Wiki ya pili yake, chuo kikapata barua. Nafasi ya mkufunzi, ajira ya kudumu, mtu mmoja. Jina lipelekwe kabla ya Ijumaa, la sivyo nafasi inahamia chuo kingine. Mkuu wa Chuo, Mama Mapunda, akasema nafasi hiyo ni ya aliyeuokoa mtihani. Rahisi kusema.

Hapo ndipo alipojitokeza mkuu wa idara, Dokta Mbele. Udokta wenyewe ulikuwa bado unaandikwa, mwaka wa tisa huo, lakini kibao cha mlangoni kilikuwa tayari. Siku ya mtihani hakuwepo. Sasa alikuwa na ripoti ya kurasa mbili: palitokea hitilafu ya umeme, na idara, chini ya uongozi wake, ikaidhibiti. Akawaita watatu watie sahihi, kisha yeye mwenyewe angependekeza jina.

Gaudensia alisoma mpaka mwisho, akairudisha mezani.

"Dokta, huu ni umeme wa aina gani? Umezima mashine zilizo ndani ya kompyuta, kompyuta zenyewe ukaziacha zinawaka."

"Madam, umeme una mambo yake."

"Na feni haikuwa na mambo?"

Dokta Mbele hakupenda. Akawakumbusha kwamba mtu wa kujitolea hana mkataba, na asiye na mkataba haachishwi kazi, anaambiwa tu asije kesho. Akasukuma kalamu kwa Otmar, aliyeonekana laini. Otmar alikuwa hajawahi kumjibu mkubwa katika maisha yake. Aliitazama kalamu, akaifunika kifuniko chake vizuri, akamrudishia. "Hii siiandikii jina langu, Dokta. Kama ni kutokuja kesho, niambie kesho." Winfrida alisukuma nakala yake bila kuisoma, wakatoka wote watatu wakauacha mlango wazi.

Alhamisi wakaitwa kwa Mama Mapunda. Dokta Mbele alikuwa ameshakaa. Juu ya meza palikuwa na fomu yenye mstari mmoja wa jina, na pembeni yake karatasi iliyochapwa kutoka kwenye maktaba yao wenyewe, kwa sababu Winfrida alikuwa ameiandikia pia tabia ya kutunza kila amri na saa yake. Mama Mapunda akaisoma: saa nne na dakika ishirini, kompyuta ya mwalimu, zima zote. Mwandishi wa amri, fundi. Na fundi lilikuwa jina la kuingilia kwenye kompyuta hiyo, walilotumia wote watatu. Asubuhi ile kila mmoja alipita kwenye kiti kile.

Dokta Mbele akashauri kwamba bado hawajachelewa, wakubali tu umeme, mambo yaishe kwa heshima. Mama Mapunda akamwomba anyamaze. Akasema hataandika jina kabla hajajua ni nani aliyezima, na kwamba hamwahidi mtu chochote kwa kusema.

Otmar akaanza. Alisema amri ya kuzima ilikuwa na swali mwanzoni, ukiiandika inakuuliza kama una hakika. Yeye ndiye aliyeliondoa, kwa sababu lilikuwa linamchelewesha.

Gaudensia akasema kuzima na kujulia hali amevitenganisha kwa herufi moja, na aliona utani huo ni mzuri mno kuubadilisha. Aliambiwa mapema kwamba ni hatari. Alicheka.

Dokta Mbele akainamia saa yake. Winfrida alikuwa anaitazama ile karatasi iliyochapwa.

"Ni mimi," akasema. "Nilitaka kujua kama zote ni nzima, nikaandika zima. Ndiyo maana niliwahi kusema rudisheni, nilijua kabla yenu kilichotokea. Na zile picha, Mkuu, mnazozisifu kwamba ni za mtu mwenye akili ya mbali. Niliziweka kwa sababu najijua."

Fomu ina mstari mmoja, na Ijumaa ni kesho. Aliyeziinua mashine ndiye aliyeondoa swali la kinga. Aliyewapa wanafunzi neno la kujiokoa ndiye aliyetega neno la kujikwaa. Aliyeihifadhi kazi yote ndiye aliyeizima, na hakuna aliyemlazimisha kusema. Je, kalamu ingekuwa mkononi mwako, ungeandika jina la nani, na ungewaambiaje wale wengine wawili?