Utani wa Nyegere na Mkia wa Pimbi

"Jamani, hadithi inakuja!"

"Ije, tumeikalia mkao!"

"Ya kweli au ya uongo?"

"Yoyote, mradi tamu!"

Zamani, zamani za kale kweli, pimbi waliishi bondeni kwenye nyasi ndefu, na walikuwa na mikia. Msiniangalie hivyo. Walikuwa nayo, na mrefu kuliko yote ulikuwa wa Pimbi mmoja aliyejiona ana akili. Akitembea, mkia unafagia njia. Akikaa, anaupakata kama mtoto mchanga.

Pimbi huyu alikuwa na mke na vitoto vinne. Tena alikuwa na mtani wake, Nyegere, maana ukoo wa pimbi na ukoo wa nyegere walikuwa watani tangu enzi za mababu. Utani mnaujua. Mama mkwe wa Pimbi alipofariki, Nyegere alitangulia kujilaza kaburini, akasema anapima kama bibi ataenea, na waliofiwa wakacheka huku machozi yanawatoka.

Sheria ya utani ilikuwa moja: neno la mtani haliaminiwi. Ukiliamini umekosea, na adhabu yake ni kumbeba mtani mgongoni, mzunguke kijiji mara tatu, watoto wakikuzomea. Nyegere ni mzito. Nyegere ananuka. Na Pimbi alishambeba mara moja, siku alipoambiwa mkia wake umeota mvi, akakimbilia mtoni kujitazama. Tangu hapo aliapa kwamba hatanaswa tena.

Basi, kiangazi kimoja, jua la saa sita, Nyegere akaja mbio.

"Mtani! Moto umeshika ng'ambo ya mto. Beba wanao mpande jabalini!"

Pimbi akacheka. "Utani mzuri huo. Leo hunipandi mgongoni ng'o!"

Nyegere akaenda. Nyegere akarudi.

"Mtani, moto umevuka mto. Safari hii si utani!"

Pimbi akanyoosha kidole. "Nani kasema si utani? Mtani. Neno la mtani linaaminiwa? Haliaminiwi. Basi ni utani." Akajipigia makofi mwenyewe, kwa kuwa hapakuwa na mwingine wa kumpigia.

Nyegere akaenda. Nyegere akarudi, mgongo mzima mweupe kwa majivu.

"Haya, usiniamini! Hakuna moto! Nimekudanganya! Kaa hapohapo!"

Hapo Pimbi akaketi, akaupakata mkia wake, akafumba macho.

"Kasema nisimwamini," akawaza. "Nisipomwamini, nimemtii. Nikimtii, nimemwamini. Nikimwamini, basi nisimwamini. Nisipomwamini, nimemtii..."

Akazunguka na neno hilo, akarudi alikoanzia, akazunguka tena. Msimcheke sana. Mimi huyu ninayewasimulia, juzi nilikaa jikoni nikijiuliza: mtu akisahau kwamba yeye ni msahaulifu, je, usahaulifu wake umepona au umezidi? Jibu sikulipata. Maharage yaliungua, na mke wangu hajanisemesha mpaka leo.

Mke wa Pimbi alikuwa amesikia yote. Akacheka kwa sauti, "Ha ha ha! Mtani, una maneno wewe!" Na huku anacheka, akapandisha vitoto viwili mgongoni, akakumbatia viwili kifuani, akashika njia ya jabalini.

Pimbi akafumbua jicho moja. "Mke wangu, umemwamini mtani! Utambeba!"

"Nani kamwamini? Si unaona nacheka?"

"Na watoto hao?"

"Nawatembeza."

"Haiwezekani! Huwezi kulicheka neno na kulikimbia neno hilohilo. Chagua moja!"

"Kumbe haiwezekani," akasema mkewe, huku yuko mbali tayari. "Wewe baba, njoo! Utachagulia huku juu!"

Pimbi akabaki. Moshi ukamwingia puani, akakohoa, akaomba asikatizwe. Joto likamfikia, akasogea kidogo, akaendelea. Alikuwa karibu kabisa kupata jibu, kama sisi sote tunavyokuwaga karibu, ndipo moto ulipouma ncha ya mkia wake.

"Uwiii! Nakufa! Mtani! Nakufa!"

Hadithi nzuri huishia mara ya tatu, lakini Nyegere alirudi mara ya nne. Hakusema neno. Akamzoa Pimbi, akamtupia mgongoni, akapanda naye jabalini, anakohoa, anayumba, moto nyuma yao. Mkia ulibaki bondeni.

Kule juu mkewe alivikumbatia vitoto, vyote vinne vizima, akamtazama mumewe na kule nyuma yake kulikokuwa kutupu. Kwanza akalia kwa furaha. Halafu akashindwa kujizuia, akacheka.

Pimbi alijikalia pembeni, ameshika mahali ulipokuwa mkia. Aliona aibu, aibu ya kweli. Angeweza kuwapoteza wote kwa kuogopa kuzomewa.

"Mtani," akasema, "nisamehe."

"Mtani haombwi msamaha," Nyegere akajibu, anahema. "Ila ulilia unakufa, nikakuamini, ukanipanda mgongoni. Umebakiza mizunguko miwili na nusu."

Pimbi akamgeukia. "Niambie kweli. Ulirudi kwa sababu unanipenda?"

"Nakuchukia," akasema Nyegere. "Siku zote nimekuchukia."

Pimbi akalitazama neno hilo. Lilikuwa la mtani, na neno la mtani haliaminiwi. Akaanza kulizungusha kichwani, mara akaacha. Akacheka, akasogea, akampisha Nyegere kivulini, wakakaa bega kwa bega.

Ndiyo maana hadi leo pimbi hana mkia na anakaa majabalini, naye nyegere ana mgongo mweupe, hajauosha.

Hadithi hii inatufundisha hivi: maneno mawili yakigombana kichwani mwako, nawe huwezi kuyapatanisha, yaache yagombane, wewe beba watoto. Yanaweza kukaa pamoja humo miaka mingi na yasikuvunje. Kinachoua ni kukaa kitako kuyaamulia wakati nyasi zinawaka.

Ila na mimi ni mtani wenu, na yote niliyosema ni uongo.

Hadithi yangu imechoka, imelala hapa. Aliyeiamini, anibebe mpaka nyumbani. Asiyeiamini, atangulie mbele akamtulize mke wangu.