Hondohondo na Neno Skansori

Hapo zamani za kale, watoto wangu, vidole vya miguu vilikuwa vya kukanyagia tu. Hakuna aliyewaza kwamba vinaweza kumfukuza mtu nyumbani kwake. Basi kaeni vizuri, na wewe acha kumfinya mwenzako, niwasimulie jinsi ilivyotokea.

Kando ya kijito kimoja palikuwa na mkuyu mkubwa. Ndege wa kila namna walikaa humo: njiwa, chozi, shore, kigong'ota, na Bi Kuzumburu. Kuzumburu mnamjua? Yule ndege mdogo wa kijivu, mwenye kishungi kichwani na mkia mrefu kuliko yeye mwenyewe. Matawini hatembei kama ndege, hutambaa kama panya. Msimu ule alikuwa na makinda watatu, wako uchi, hawajaota hata unyoya. Baba yao alichukuliwa na mwewe, kwa hiyo mama ndiye baba na baba ndiye mama.

Jirani yake alikuwa Bwana Hondohondo. Mdomo wake kama jembe, na juu ya mdomo pembe, kama mtu aliyevaa kofia akasahau kuivua. Na desturi ya akina hondohondo ni hii: mke akitaka kutaga huingia katika pango la mti, mlango ukasilibwa kwa tope mpaka ubaki ufa tu wa kupitisha mdomo. Mke hukaa humo na mayai yake, salama salimini. Mume hushinda kiguu na njia akimletea chakula.

Na chakula chenyewe ni makuyu. Kila Hondohondo akifika tawini, anakuta makuyu mabivu yameshaliwa na majirani.

"Mume wangu, ndiyo haya tu?" mkewe huuliza ufani. "Mawili, tena moja lina funza?"

Hondohondo alikuwa na aibu, na aibu ikishindwa kutoka kwa njia nzuri hutoka kwa njia mbaya.

Siku moja wakaja wageni wenye darubini, wakapiga hema chini ya mkuyu. Mmoja akafungua kitabu akasoma kwa sauti: "Skansori ni ndege wapandao miti. Huwa na vidole viwili mbele na viwili nyuma."

Hondohondo alikuwa juu, amening'iniza shingo. Akaanza kuwaza. Nani hapa ana vidole vya namna hiyo? Kigong'ota, naye anakula wadudu. Dudumizi wa kichakani, naye anakula panzi na konokono. Kasuku, haya, anakula makuyu, lakini mdomo mmoja tu huo, utazibika. Wala makuyu wengine wote, kina njiwa na kina shore, vidole vitatu mbele na kimoja nyuma!

"Lo!" akasema. "Neno tamu hili!" Akaruka zake, hakungoja hata mgeni amalize ukurasa.

Asubuhi yake akaitisha mkutano.

"Ndugu wananchi wa mkuyu! Mti huu ni wa wapandao miti. Kitaalamu tunaitwa Skansori."

"Ska... nini?" akauliza Njiwa.

"Usilisumbue, litakuvunja mdomo. Asiye Skansori atashuka akakae kwenye nyasi."

"Kwenye nyasi kuna nyoka!" akalia Chozi.

"Na nguchiro!" akalia Shore.

"Hayo ni mambo ya nyasi. Mimi nashughulikia mti."

Bi Kuzumburu akajipenyeza mbele. "Mzee Hondohondo, mimi napanda mti huu tangu nizaliwe. Napanda kwa kichwa, napanda kwa mgongo, napanda nimelala."

"Unapanda kienyeji," akasema Hondohondo. "Hapa tunazungumzia kupanda kitaalamu."

Basi akamweka Kasuku kuwa karani. Pale shinani wakatandaza tope laini, lile lile la kusiliba mlango wa mkewe. Kila ndege akanyage, Kasuku asome alama. Na Kasuku, watoto wangu, mnamfahamu: akishakariri neno, halipiti tena kichwani, linatokea shingoni moja kwa moja.

Akakanyaga Njiwa. Pwacha!

"Vitatu mbele, kimoja nyuma! Si Skansori! Ashuke!"

Akakanyaga Chozi. Pwacha!

"Vitatu mbele, kimoja nyuma! Si Skansori! Ashuke!"

Akakanyaga Dudumizi. Pwacha!

"Viwili mbele, viwili nyuma! Skansori kamili! Apande!"

"Nani, mimi?" Dudumizi akashangaa. Maisha yake yote alikuwa akitembea chini. Akajaribu shina: kwaru, kwaru, kwaru, halafu puuu! Chali, miguu juu. Ndege wakaangua kicheko.

"Mnacheka nini?" Hondohondo akafoka. "Ameanguka kitaalamu!"

Ikafika zamu ya Bi Kuzumburu. Sasa sikilizeni siri ya huyu mama. Vidole vya kuzumburu havina msimamo, ni kama wanasiasa wakati wa uchaguzi. Akitaka, vyote vinne huenda mbele. Akitaka, viwili hugeuka vikarudi nyuma. Akavigeuza kimya kimya, akakanyaga. Pwacha!

"Viwili mbele, viwili nyuma! Skansori kamili! Apande!"

Hondohondo akabaki mdomo wazi, na mdomo ule ukiwa wazi ni pango la pili. Mla makuyu mkubwa kuliko wote amepita! Akafikiri, akakohoa.

"Ehe. Mama amepita kwa mguu wake. Lakini makinda hawajapimwa. Neno halirithiwi. Kesho asubuhi waletwe, kila mmoja akanyage mwenyewe."

Bi Kuzumburu akatambaa mbio mpaka kiotani. Vidole vya wanawe vilikuwa laini kama tambi, havijui kugeuka. Na kinda asiye na manyoya, akishushwa kwenye nyasi, haoni jioni. Alipotazama chini akamwona Njiwa anazunguka kichaka, analia: nguchiro alikwisha kula mayai yake aliyoshuka nayo. Kuzumburu akaogopa kweli kweli.

Akamwendea Kasuku. "Karani, mwanangu, wale wageni uliwasikia mpaka mwisho. Neno hili lina nguvu gani hasa?"

Kasuku akatazama huku na huku. "Nguvu? Ukurasa wa pili walisema neno hili limeshaachwa. Eti vidole hivyo wanavyo hata ndege wasiojua kupanda, na wapandaji hodari wengine hawanavyo. Wenyewe hawalitumii tena."

"Kumbe! Sasa mbona wewe unalitumia?"

"Bi Kuzumburu, nguo wakishaivua wenyewe ndiyo tunaivaa sisi. Hili ni neno la mtumba, na Mzee limemkaa vizuri." Akashusha sauti. "Tena nimeahidiwa makuyu matatu kila mchana."

Hapo hapakuwa na msaada. Bi Kuzumburu akapanda akitambaa, hana hili wala lile, mpaka kwenye ufa wa Bi Hondohondo.

"Hodi, shoga."

"Karibu, shoga. Nje kuna nini? Nasikia makelele tu. Mume wangu siku hizi anakuja na maneno mengi na makuyu machache."

"Anapima vidole vya watu, shoga."

"Vidole? Yeye?" Ufani kukatoka kicheko, kwekwekwe! "Mimi humu ndani naona vitu viwili tu vya mume wangu, mdomo wake na miguu yake. Akitua hapa mlangoni naitazama kutwa. Vitatu mbele vimeshikana kama ndizi, na kimoja nyuma, kifupi. Huyo apime vidole vya nani?"

Kishungi cha Bi Kuzumburu kikasimama chenyewe. Majirani wote, siku zote, walikuwa wakitazama ile pembe kichwani. Nani angeteremsha macho mpaka miguuni mwa mkubwa?

"Shoga," akasema, "Mungu akuongoze uangue salama." Akatambaa mbio.

Alimkuta Hondohondo kijitoni anachota tope. Akainama mpaka mkia ukagusa maji.

"Mzee, shikamoo."

"Marahaba. Umekuja kuwaombea makinda? Sheria ni sheria."

"La, Mzee! Nimekuja kwa ajili ya heshima yako. Nimepita pale nyasini, nimesikia wanasema hukumu zako ni za mdomo."

"Nani anasema?"

"Mdomo wa watu haufungwi, Mzee. Wanasema mkubwa wa kweli ana muhuri. Hata barua ya mtendaji wa kijiji, kama haina muhuri, ni karatasi ya kufungia maandazi."

Hondohondo akakunja shingo. Neno muhuri lilikuwa limemwingia. "Na muhuri nitaupata wapi mimi, porini huku?"

"Si huo hapo umeusimamia? Mguu wako, Mzee! Mguu mkubwa, mguu mzito. Bandika tope bichi pale shinani, kwenye njia ya kupandia, ukanyage mara moja. Jua likiukausha, nani atathubutu kupita?"

"Hm," akasema Hondohondo. "Nilikuwa nawaza jambo hilo hilo."

Wakubwa ndivyo walivyo, watoto wangu. Wazo zuri hukuta wameshaliwaza.

Akabandika tope, akarudi nyuma hatua moja, akajaza kifua pumzi, akakanyaga. Pwaaacha! Akautazama muhuri wake upande huu, akautazama upande ule, na akaridhika. Pembe aliiona vizuri kwenye maji kila siku, lakini vidole vyake hakuwahi kuvihesabu hata mara moja.

Kulipokucha, ndege wote walikuja, wa mtini na wa nyasini. Bi Kuzumburu akawaweka makinda wake kwenye uma wa tawi la chini. Walikuwa wanatetemeka, wamekumbatiana. Hondohondo alikuwa bado kijitoni, anachota tope la siku ile.

"Walete!" akasema Kasuku. "Wakanyage!"

"Ngoja kidogo, Karani," akasema Bi Kuzumburu. "Foleni ni foleni. Kuna mmoja alikanyaga jana, na alama yake haijasomwa. Hiyo hapo shinani, imeshakauka."

Kasuku, bila kuuliza ni ya nani, akasogeza jicho moja, akasogeza la pili. Shingo ikafunguka:

"Vitatu mbele, kimoja nyuma! Si Skansori! Ashuke!"

"Ashuke!" wakapiga kelele ndege wa nyasini. "Ashuke! Ashuke! Tumeshuka sisi, naye ashuke!"

Hapo hapo, vuuu, vuuu, vuuu, Hondohondo akatua na tope mdomoni. Akalitema.

"Kelele za nini?"

"Mzee," akasema Bi Kuzumburu kwa sauti nyembamba, "Karani amemgundua asiye Skansori. Mkubwa wa mwili. Amejificha humu humu mtini, anakula makuyu yetu. Tumfanyeje?"

Kusikia makuyu, Hondohondo akapanda mori. "Ashuke kabla jua halijafika utosini! Na mwenye nyumba ya siri humu mtini, nyumba yake ibomolewe! Nisisikie habari ya mke, nisisikie habari ya mayai!"

"Hata mayai, Mzee?"

"Hata mayai! Neno ni neno!"

"Basi jamani mmesikia," Bi Kuzumburu akawageukia ndege. "Mwenye mguu huo, tafadhali, ashuke."

Ndege wote wakateremsha macho. Wakautazama muhuri. Wakaitazama miguu ya Hondohondo. Wakautazama tena muhuri. Na Hondohondo naye, kwa mara ya kwanza tangu aanguliwe, akainama akaitazama miguu yake.

"Kwa... kwa!" akasema. "Hii... tope liliteleza. Tope la jana halikuwa zuri."

"Kanyaga tena, Mzee!" akapaza sauti Dudumizi, aliyekuwa na donge kichwani kwa kuanguka. "Kanyaga kitaalamu!"

Kicheko kikavuma mpaka makuyu yakadondoka. Na katikati ya kicheko ikatoka sauti juu, kwenye ufa. Haikuwa na mzaha.

"Baba watoto! Nimesikia vizuri? Nyumba ibomolewe? Mimi nimenyonyoka manyoya ya mabawa humu, siwezi kuruka, mayai yameanza kupasuka. Tushuke nyasini sisi?"

Hondohondo akageuza shingo. Akawaona makinda watatu pale tawini, uchi, wanatetemeka. Pengine kwa mara ya kwanza aliwaona ni makinda. Au aliwaona wa kwake tu, sijui.

"Ndugu wananchi," akasema polepole, "nimelichunguza upya lile neno. Kitaalamu zaidi, Skansori ni... ni ndege yeyote anayelala mtini."

"Skansori ni ndege yeyote anayelala mtini!" akadaka Kasuku papo hapo, kana kwamba hajapata kusema lingine maishani mwake.

"Na njiwa?" akauliza Njiwa, machozi hayajakauka.

"Na njiwa."

"Na wala makuyu?"

Hondohondo akafumba macho. "Na wala makuyu."

"Na hawa wanangu, ambao hawajakanyaga?" akauliza Bi Kuzumburu.

"Peleka watoto wako nyumbani, mama," akasema Hondohondo. "Baridi itawaua."

Ndege wakapanda mtini kwa fujo, kila mmoja na tawi lake. Njiwa alirudi pia, lakini mayai yake hayakurudi, na hakuna neno la kitaalamu lililompoza. Bi Kuzumburu aliwabeba makinda mmoja mmoja, akawafunika. Kisha akachuma kuyu moja bivu, kubwa, lisilo na funza, akatambaa nalo mpaka ufani.

Nami nawaambia hivi, watoto wangu, kisha mkalale: anayetaka kupima miguu ya wenzake, kwanza ainamishe kichwa aitazame yake.