Pimbi na Kiti cha Karani Mkuu

Paukwa, jamani.

— Pakawa.

Mbona mnaitikia kinyonge, kama walioambiwa warudi kesho? Paukwa!

— Pakawa!

Basi hapo kale, na kale yenyewe si mbali sana, palikuwa na Pimbi, karani wa ofisi ya wanyama wa bondeni. Mdogo wa mwili, mkubwa wa kazi. Barua zote za ofisi aliandika yeye, ta-ta-ta, asubuhi hadi jioni. Mkuu wa ofisi alikuwa Kiboko. Kazi ya Kiboko ilikuwa kuketi, puu!, na kutia sahihi, shwaa! Kusoma, alisema, ni kazi ya wadogo.

Kiti cha karani mkuu kilikuwa kitupu. Kila cheo kilikuwa na fungu lake la majani mabichi, na fungu la kiti hicho Kiboko alikuwa akilila mwenyewe. Ndiyo maana Pimbi alipoomba cheo mwaka wa kwanza, aliambiwa hajakomaa. Akaomba mwaka wa tatu, akaambiwa faili lake halionekani. Akaomba mwaka wa saba, akaambiwa faili limeonekana, ila limeliwa na mchwa. Mwaka wa kumi na moja mvi zilikuwa zimemfika masikioni, na kustaafu kumebaki mwaka mmoja. Pimbi alichoka, jamani. Alichoka uchovu ule usioondoka kwa usingizi. Hakutaka makuu, alitaka tu astaafu akiwa karani mkuu, ili miaka yake isiwe imepita bure.

Akaenda kwa Jaji Korongo, akafungua kesi. Kesi ikaahirishwa, jaji ana mafua. Ikaahirishwa, mvua imenyesha. Ikaahirishwa, mvua imekatika. Mwishowe mahakama ikamwandikia Kiboko alete majibu yake ndani ya wiki mbili. Kiboko akaitazama barua juu chini, akafanya alichokifanya kwa kila barua. Akamwita Pimbi.

"Si wewe uliyenishitaki?" akasema. "Haya, niandikie majibu. Na uandike vizuri, jina la ofisi lisichafuke."

Pimbi akauliza aseme nini.

"Sema kazi ya karani mkuu ni kuandika nyaraka nzito, na Pimbi hawezi."

"Hawezi kabisa, mkuu?"

"Kabisa."

Pimbi akaketi, ta-ta-ta. Akaandika kurasa kumi na mbili kwamba Pimbi hawezi kuandika. Akaziandika vizuri mno, maana kuandika vibaya hakukujua. Kiboko akatia sahihi, shwaa! Hakusoma hata mstari.

Siku ya kesi Jaji Korongo akashusha miwani. Akasema tangu awe jaji hajaletewa majibu yaliyopangika namna hii. Akamwomba Kiboko amfafanulie ukurasa wa tano tu. Kiboko akafunua, fra, fra, fra. Jasho likamtiririka. Akatazama huku, akatazama kule, kisha akamwonyesha Pimbi kwa mdomo.

"Mheshimiwa, muulize huyo. Ndiye aliyeyaandika."

Jaji akamuuliza Pimbi kama ni kweli. Pimbi akasimama taratibu, magoti yakimuuma, akasema ni kweli, kama nyaraka nyingine zote za ofisi. Jaji hakutaka shahidi mwingine. Akaamuru Pimbi apewe cheo siku hiyohiyo.

Mnadhani Pimbi alirukaruka? Thubutu. Alikiendea kile kiti, akakipangusa vumbi, akaketi. Miguu haikufika chini. Akafumba macho kidogo. Hajayafumbua, Kiboko huyo, puu!

"Nakata rufaa," akasema Kiboko. "Nimeambiwa nina siku thelathini. Na kwa kuwa sasa wewe ndiye karani mkuu, rufaa ni kazi yako. Iandike."

"Sawa, mkuu."

Siku zikaenda, moja, mbili, kumi, ishirini. Pimbi akala fungu lake la majani polepole, maana meno nayo yalikuwa yamechakaa. Siku ya thelathini na moja Kiboko akaja kuuliza rufaa imefikia wapi. Pimbi akainua kichwa, akamtazama kwa heshima zote.

"Inashughulikiwa, mkuu."

Ngano yangu naikunjia hapo, na kila mtu abebe kigoda chake. Funzo lake, wanangu, ni hili: fanya kazi kwa bidii, mtii mkubwa wako, uwe na subira, na haki yako itakujia yenyewe bila kumsumbua jaji. Hivyo ndivyo nilivyoagizwa niseme.